Sambusa si ‘samosa’ iliyopotoshwa: historia iliyofichwa ndani ya manda

Ukiagiza sambusa Mombasa, Lamu au Malindi, utapewa bila swali. Ukiiagiza Nairobi, Nakuru au Eldoret, si ajabu muuzaji akakusahihisha kwa upole: “Unamaanisha samosa, mzee?” Tofauti iko kwenye silabi ya kati tu, ‘mbu’ dhidi ya ‘mo’. Hata hivyo, silabi hiyo imezua imani iliyoenea mashuleni na hata vyuoni, kwamba ‘samosa’ ndilo jina lenyewe na ‘sambusa’ ni matamshi yaliyoharibika vinywani mwa watu wa pwani.

Mwaka jana mjukuu wangu aliniletea insha yake ya Kiswahili. Alikuwa ameeleza namna nyanyake, mzaliwa wa Mji wa Kale, Mombasa, anavyotayarisha futari. Mwalimu alikuwa amelipigia neno ‘sambusa’ mstari mwekundu kila lilipojitokeza, na juu yake akaandika ‘samosa’. “Babu,” mtoto akaniuliza, “kwani nyanya husema vibaya?”

Swali hilo halikuwa la tahajia. Mtoto alitaka kujua kama lugha ya jikoni kwao inastahili kuandikwa daftarini. Leo basi nitalijibu hadharani, kwa kuwa ninajua wako watoto wengi waliopigiwa mstari kama huo. Na nitalijibu kwa kupitia sambusa ya mboga, ile ya viazi na minji, ambayo nayo husutwa. Wageni wetu huiuma mara moja, wakaangalia ndani, kisha wakauliza: “Sambusa gani hii isiyo na nyama?” Binti yetu aliacha kula nyama miaka kadhaa iliyopita, kwa hiyo nyumbani kwetu swali hilo tumelizoea.

Tuanze na jina. Asili ya neno ni Kiajemi. Katika Kiajemi cha kale lilitamkwa takriban ‘sanbosag’. Waarabu walilichukua mapema, wakati ile sauti ya ‘g’ bado ilisikika mwishoni, wakaigeuza kuwa ‘j’. Ndipo tunapata ‘sanbusaj’ katika maandishi ya Baghdad. Mwanahistoria Al-Masudi, aliyeandika katika karne ya 10, anasimulia karamu ya khalifa mmoja ambapo lilisomwa shairi la kuisifu sanbusaj, shairi lililotungwa na Ishaq al-Mawsili, msanii mashuhuri wa karne ya 9. Katika karne hiyohiyo ya 10, Ibn Sayyar al-Warraq aliiingiza sanbusaj katika kitabu chake cha mapishi. Kwa hiyo zaidi ya miaka elfu moja iliyopita chakula hiki kilikuwa kikiliwa mezani pa watawala na kutungiwa mashairi.

Baadaye Waajemi wenyewe waliidondosha ile ‘g’ ya mwisho, kama walivyofanya katika maneno yao mengi, ikabaki ‘sanbosa’ au ‘sanbusa’. Hapa wapenzi wa isimu watatabasamu, kwa sababu sauti ‘n’ ikikutana na ‘b’ huelekea kugeuka ‘m’. Sisi waneni wa Kiswahili tunaifahamu kanuni hiyo hata kama hatukuwahi kufundishwa. Ubao mmoja, mbao mbili. Ubavu mmoja, mbavu mbili. Kitu kibaya, lakini nyumba mbaya. Kiambishi cha ngeli ni ‘n’, ila midomo inayojiandaa kutamka ‘b’ huivuta ‘n’ hiyo iwe ‘m’. Kwa njia hiyohiyo ‘sanbusa’ ikawa ‘sambusa’. Neno lilipofika pwani yetu halikuhitaji kubadilishwa, maana ‘mb’ ni mseto wa sauti tuliouzoea tangu zamani: mbuzi, mbegu, tembo, kambare.

Na hatuko peke yetu katika matamshi haya. Wasomali husema ‘sambuus’. Waethiopia husema ‘sambusa’. Nchi za Ghuba husema ‘sambusa’, nao Walebanoni na Wapalestina husema ‘sambusak’. Huo ni ukoo mzima wa maneno uliohifadhi ile ‘b’. Anayedai kwamba Mswahili alikosea itambidi adai kwamba wote hao walikosea pamoja, na kwa namna moja.

‘Samosa’ ilitoka wapi basi? Ilitoka India, ambako neno lilifika kutoka Uajemi na Asia ya Kati wakati wa masultani wa Delhi. Shahidi wetu hapa ni msafiri ambaye Wakenya wanamjua vizuri, Ibn Battuta. Mwaka 1331 alipita Mogadishu, akalala Mombasa usiku mmoja, kisha akaendelea hadi Kilwa. Miaka michache baadaye alikuwa Delhi katika baraza la Sultani Muhammad bin Tughluq. Katika kumbukumbu zake anaeleza chakula kilichoandaliwa huko: nyama iliyosagwa, ikapikwa kwa lozi, jozi, pistachio, vitunguu na viungo, ikafungwa ndani ya mkate mwembamba, kisha ikakaangwa kwa samli. Analitaja jina lake kuwa ‘samusak’.

Inafaa kukumbuka pia alichokula Mogadishu, kwa kuwa alikieleza kwa kirefu: wali uliopikwa kwa samli na vitoweo juu yake, ndizi zilizopikwa kwa maziwa, maziwa mgando, achari ya ndimu na ya pilipili, tangawizi mbichi na maembe. Sambusa haimo katika orodha hiyo. Ukimya wa msafiri mmoja hautoshi kuthibitisha kwamba kitu hakikuwepo. Hata hivyo unatutahadharisha tusikimbilie kusema kwamba kila tunachokila katika mwezi wa Ramadhani kimekuwepo pwani tangu enzi za Kilwa.

Karne mbili baadaye, chini ya mfalme Akbar, waziri wake Abul Fazl aliandika kitabu cha Ain-i-Akbari. Katika orodha ya vyakula anataja ‘qutab’ na kueleza kwamba watu wa Hind hukiita ‘sanbusa’. Angalia vizuri: katika karne ya 16, India kwenyewe, ‘b’ ilikuwa bado imo katika maandishi. Umbo la ‘samosa’, ambalo limeimeza ‘b’ hiyo, ni tokeo la mabadiliko ya matamshi katika lugha za huko. Ni umbo halali kabisa kwa Kihindi, Kigujarati na Kipunjabi. Ila kwa umri, sambusa ndiyo dada mkubwa. Mtu hawezi kupotosha neno ambalo lilikuwepo kabla ya lile analodaiwa kulipotosha.

Sasa tuje kwenye kilichomo ndani. Wanaoidharau sambusa ya mboga husema kwamba asili yake ni nyama, na kwa kweli mapishi ya Baghdad na ya Delhi yanawaunga mkono kwa kiasi fulani. Lakini hata zamani hizo ndani hamkuwa na nyama tu. Katika kitabu cha mapishi cha Baghdad cha mwaka 1226, kilichoandikwa na Muhammad bin al-Hasan al-Baghdadi, mna sanbusaj iliyojazwa sukari na lozi. Kinachoifanya sambusa iwe sambusa katika kitabu hicho ni namna ya kuifunga: mkate mwembamba hukatwa vipande virefu, ujazo huwekwa, kipande hukunjwa pembe tatu, ukingo hugandishwa kwa unga uliolowekwa, kisha hukaangwa kwa mafuta ya ufuta. Yeyote aliyewahi kukaa jikoni Mombasa alasiri ya Ramadhani ameziona hatua hizo, moja baada ya nyingine, ingawa waliokuwa wakikunja hawakuwahi kukisikia kitabu hicho.

Ujazo wa mboga ulishamiri India, hasa miongoni mwa Wahindu na Wajaini wasiokula nyama. Gujarat, kimbo la wafanyabiashara wengi waliovuka bahari kuja kwetu, ni mahali ambapo watu wa namna hiyo ni wengi. Wajaini wanaoshika dini yao barabara hawali hata viazi, vitunguu wala vitunguu saumu, kwa sababu kuving’oa ardhini kunaua mmea mzima na viumbe vidogo vilivyomo udongoni. Kwao sambusa hujazwa minji, kabeji au dengu. Kwa hiyo neno ‘mboga’ lenyewe lina ngazi zake, na mpishi wa Kijaini angeiona sambusa yetu ya viazi na kitunguu kuwa imevuka mpaka.

Kiazi chenyewe ni mgeni. Nyumbani kwake ni milima ya Andes, Amerika ya Kusini. Pilipili kali tunayoikatia ndani pia ni ya bara hilo. Wareno, ambao Vasco da Gama aliwafikisha Mombasa, Malindi na Calicut mwaka 1498, ndio waliofungua njia ambayo mazao hayo yaliingilia Bahari ya Hindi. Kiazi kilichelewa kuenea, na India kilipata nguvu zaidi katika utawala wa Waingereza. Lakini jina la Kireno lilibaki. Wao walikiita ‘batata’, na Waswahili, hasa wa Unguja, husema ‘mbatata’. Nchini India, waneni wa Kimarathi nao husema ‘batata’. Neno moja la Kireno liliteremka katika fukwe mbili za bahari moja, kama lilivyoteremka neno ‘meza’ ambalo tunaitandazia kitambaa kabla ya kula.

Hivyo basi, sambusa ya viazi ina jina la Kiajemi, mkunjo wa Baghdad, ujazo uliokomaa India, na kiazi na pilipili za Amerika. Sambusa ya nyama ni kongwe kuliko hii, sikatai. Lakini hii ya mboga ndiyo iliyozunguka dunia zaidi kabla ya kufika katika karai letu.

Ilifika Kenya kwa njia mbili, na njia hizo ndizo zilizotuachia majina mawili. Njia ya kwanza ni ya bahari: majahazi, biashara na ndoa kati ya pwani yetu, Uarabuni, Uajemi na India. Kwa njia hiyo tulipata ‘sambusa’, na Kamusi ya Kiswahili Sanifu imeiorodhesha kwa tahajia hiyo. Njia ya pili ni ya reli. Kati ya mwaka 1896 na 1901, Waingereza walileta zaidi ya vibarua 30,000 kutoka India, wengi wao Wapunjabi, ili wajenge reli kutoka Mombasa hadi Kisumu. Wengi walirudi kwao mikataba ilipokwisha, lakini maelfu walibaki, na wenye maduka, wengi wao kutoka Gujarat, wakafuata reli hadi miji ya bara. Katika miji hiyo kitafunio kilijulikana kwa jina la wenye duka na la Kiingereza: ‘samosa’. Ndiyo maana mtu anayepanda treni Mombasa na kushuka Nairobi hubadilishiwa neno njiani.

Mwaka 2017 serikali iliwatambua rasmi Wakenya wenye asili ya Asia kuwa kabila la 44 nchini. Jikoni walikuwa wametambuliwa zamani. Chapati, karai, dania, achari, bajia na kachori ni maneno ambayo Mkenya huyatumia bila kuuliza yametoka wapi. Ninaposema tuandike ‘sambusa’ katika Kiswahili, kwa hiyo, simfukuzi mtu. Anayezungumza Kigujarati au Kiingereza aseme ‘samosa’, ni haki yake. Ninachopinga ni kumpigia mstari mwekundu Mswahili katika Kiswahili chake.

Na sasa twende jikoni, maana historia hii ningeielewa nusu tu kama nisingewahi kuchomwa na karai. Mimi ni mtu wa bara, na sambusa nilifunzwa na mke wangu. Huanza na manda, yaani zile karatasi nyembamba za unga za kufungia. Chukua nusu kilo ya unga wa ngano, chumvi kiasi na kijiko kimoja cha mafuta. Kanda kwa maji kidogokidogo mpaka upate donge gumu kidogo kuliko la chapati. Lifunike, liache lipumzike nusu saa, kisha likate madonge madogo. Sukuma kila donge liwe duara dogo kama kisahani. Paka mafuta juu, nyunyiza unga, weka duara jingine juu yake, ufanye hivyo mpaka yawe manne. Kisha yasukume yote pamoja hadi yawe mapana na membamba.

Weka bunda hilo juu ya kikaango kikavu chenye moto mdogo, uligeuze mara mbili tatu bila kuliacha likapata madoa. Likiwa bado na joto, libandue tabaka moja baada ya jingine. Mafuta na unga uliotia kati ndivyo vinavyozuia yasishikane. Kata vipande virefu, vifunike kwa kitambaa kibichi visikauke. Hizo ndizo manda. Mara ya kwanza zangu zilichanika karibu zote, na mke wangu akaniambia, “Baba watoto, manda haitaki hasira.”

Kwa ujazo, chemsha viazi vikiwa na maganda ili visinywe maji, uvimenye, kisha uvikate vipande vidogo vya ukubwa wa punje ya mahindi. Usiviponde. Kaanga kitunguu, tangawizi, pilipili mbichi na jira. Tia minji iliyochemshwa, halafu viazi, chumvi na dania. Epua, kamulia ndimu, kisha acha mchanganyiko upoe kabisa. Ukipenda kamande badala ya viazi, zichemshe ziive bila kuvurugika na uzichuje vizuri. Siri ya sambusa ya mboga ni ukavu. Maji yakibaki ndani hulowesha manda, na yakikutana na mafuta ya moto hugeuka mvuke unaoipasua. Nyama hukaushwa ikipikwa, lakini mboga hukaa na maji yake kimyakimya, ndiyo maana sambusa ya mboga humtaka mpishi mvumilivu zaidi. Wanaoiita sambusa ya mkato nadhani hawajawahi kuipika.

Kunja manda iwe mfuko wa pembe tatu, jaza bila kushindilia, ugandishe ukingo kwa uji mzito wa unga. Kaanga kwa moto wa wastani. Moto ukizidi, manda hubabuka nje na kubaki mbichi katika mikunjo. Ukipungua, sambusa hunywa mafuta.

Msomaji ahesabu vitenzi nilivyotumia: kukanda, kusukuma, kubandua, kukunja, kushindilia, kugandisha, kubabuka, kuchuja, kuepua. Kila kimoja kina maana yake mahususi, na vingi hujifunzwa mtu akiwa amesimama kando ya anayepika. Siku hizi manda huuzwa madukani zikiwa zimegandishwa kwenye pakiti zenye maandishi ya Kiingereza. Sizilaani, zinamwokoa mama aliyerudi kazini saa kumi na mbili jioni. Lakini nilipowauliza wanafunzi wangu wa mwaka wa kwanza maana ya ‘manda’, katika darasa la watu zaidi ya sitini waliinuka wawili, wote kutoka Kilifi. Sambusa wanaila kila siku langoni mwa chuo.

Walimu wenzangu, resipe ni mojawapo ya tungo za kiuamilifu tunazofundisha. Aghalabu tunawapa wanafunzi resipe zilizotafsiriwa kutoka vitabu vya Kiingereza, zenye viambato ambavyo hawajawahi kuvigusa. Waambieni badala yake waende kwa mama, kwa nyanya au kwa jirani, watazame chakula kimoja kikipikwa tangu mwanzo hadi mwisho, na waandike kila kitenzi kama kilivyotamkwa na mpishi. Wengine watarudi na sambusa, wengine na mukimo, wengine na omena. Na mwanafunzi akiandika ‘sambusa’, kalamu nyekundu muiweke kando.